Dereva Aliyegeuza Mgongo

Kama umenunua gazeti hili kwa ajili ya kufungia sukari, soma kwanza ukurasa huu, kisha ufungie. Mimi ndiye yule Nyasuguta, Mkisii niliyehamia Kosele kwa sababu ya viazi vitamu. Nina lori moja tu, limeandikwa Ebenezeri kwenye paji la uso, na ndilo lililonilelea watoto tangu baba yao aage dunia.

Mliofuatana nami wiki zilizopita mnajua jinsi viazi vyangu vilivyooza mpakani Isebania, na jinsi upepo ulivyoondoka na paa la ghala langu. Nilidhani mikosi imenichoka. Kumbe ilikuwa imekaa kando inapumzika.

Lori likakamatwa. Lilikamatwa Jumapili, kando ya ziwa, mbele kidogo ya Kendu Bay, likimwaga udongo ndani ya mafunjo. Aliyelikamata ni Bwana Maranga, mkubwa wa kikosi cha kulinda vinamasi. Sheria ya kulinda mashamba na vinamasi, alivyonisomea yeye, inasema chombo kilichotumika kuharibu kinaweza kutwaliwa na serikali kisirudi tena kwa mwenyewe.

Dereva wangu Walter akashtakiwa. Nikamdhamini, kwa maana ni kijana mtulivu na amenifanyia kazi kwa uaminifu. Lakini kila nilipomuuliza alitafuta nini ziwani na lori langu, bila ruhusa yangu, alinipa jibu moja. Alisema alipotea njia.

Walter anayajua mashimo yote ya barabara kutoka Kosele hadi Isebania, kila shimo na tabia yake. Mtu huyo apotee njia, mchana kweupe?

Basi nikaenda mwenyewe Homa Bay, kwenye ua ambako Ebenezeri alikuwa amefungiwa pamoja na matrekta ya watu. Maranga alinipokea vizuri. Akanieleza kwamba kilichomuudhi si udongo tu, ni dereva. Wapakuaji walikuwa wanamwaga udongo, naye Walter amesimama mbali barabarani, amegeuza mgongo, hataki hata kutazama. Kulikuwa na kibanda ndani ya mafunjo, mlango uko majini, hakuna mtu. Walipomuuliza Walter kama ni kwa mtu, akasema hajui. Maranga akaniambia hiyo ndiyo tabia ya mtu anayejua kosa lake.

Halafu akaleta maneno ya kirafiki.

"Mama, kubali makosa tu, tumalize," akasema. "Utaenda na gari yako jioni. Ukianza kubishana, hii itapigwa mnada."

Nikamuuliza, nikikubali, dereva wangu atakuwa nani? Akasema atakuwa mtu aliyekubali kosa. Na lori likikamatwa tena hata kwa jambo dogo? Akasema hapo halitakuwa na wa kulitetea.

"Basi tubishane," nikamwambia.

Kaka yangu Mokua alinipigia simu kutoka Migori kunisihi. Akasema serikali haishindwi, na heri nusu shari kuliko shari kamili. Nikamwambia hiyo nusu yake abaki nayo huko Migori aipike na mboga. Mtu hakubali kosa asilolijua ili apewe kilicho chake. Nikamtafuta wakili Angwenyi, ambaye tunasali naye, nikamwambia twende mahakamani tupinge lori langu kuzuiliwa. Akakubali, ila akauliza tutasema nini, ikiwa dereva mwenyewe hasemi kitu.

Jibu lilinifuata sokoni, limebeba karai la dagaa wa omena.

Alikuwa Roselyn, mke wa Walter. Aliketi juu ya gunia langu la viazi, akatazama chini, akaniomba nisimwambie mumewe kwamba yeye ndiye aliyesema. Kisha akasema kile kibanda ni nyumba ya mama yake mzazi.

Nilimwambia arudie, akarudia. Ziwa lilipanda miaka ile ya mvua nyingi, halikurudi lote, na mafunjo yakatembea pamoja nalo. Kinamasi kilichokuwa mbali chini ya shamba sasa kiko jikoni kwa mama yake. Bibi huyo, ambaye kijiji kizima kinamwita Min Roselyn, yaani mama yake Roselyn, analala juu ya kitanda kilichoinuliwa kwa mawe. Walter aliposikia hayo kwa mkewe, hakulala. Jumapili akachukua lori, akapakia udongo, akaenda kuinua sakafu ya mama mkwe wake.

Nikamuuliza Roselyn, sasa hilo ndilo la kuficha? Si angeniambia tu? Roselyn akanitazama kama mimi ndiye mtoto.

"Angekuambiaje, Mama? Aseme maji imeingia kwa kitanda ya maro wake?"

Hapo nikaelewa. Maro ni mama mkwe, na kwa Wajaluo wanaoshika mila, mtu na maro wake huheshimiana kwa kupishana. Hampi mkono, haingii chumbani mwake, hamtaji ovyo mdomoni. Siku hizi wako wanaotaniana na maro kwenye simu, lakini Walter alilelewa na babu yake, na babu hakuwa na simu. Kusema maji yamefika chini ya kitanda cha mama yule ni kukitaja kitanda chenyewe. Ndiyo maana Min Roselyn alihama kwenda kwa jirani siku hiyo ili mkwe apate kukaribia. Na hata baada ya hapo, mkwe alibaki barabarani, akageuza mgongo, wapakuaji wakafanya kazi.

Nilikasirika mpaka nikacheka. Nitamlaumuje? Sisi Wakisii nasi tunayo, tunaiita chinsoni. Baba mkwe wangu aliishi, akaugua, akafa, mimi sijakanyaga chumba chake. Maranga aliona mhalifu anayekwepa, kumbe alikuwa anamtazama mkwe mwenye adabu kuliko wakwe wote wa Nyanza.

Nikaenda ziwani. Nilivua viatu mbali, nikaingia kwa miguu mitupu. Maji meusi yalikuwa yamefika kwenye kigoda, mafunjo yanachungulia dirisha la jikoni, na kuku wote wamehamia juu ya meza. Min Roselyn alikuwa mwembamba, mrefu, na sauti yake haikuwa ya mtu anayeomba.

"Wewe ndiye mwenye gari," akasema.

"Ndimi, mama."

"Nilikanyaga udongo ya gari yako kabla nikujue. Pole."

Nikamwambia sikuja kwa sababu ya udongo. Nimekuja kwa sababu mahakama inaambiwa hapa hapana mtu, ni kinamasi kitupu, na lori langu limekiharibu. Nikamwomba aje aseme hapa ni nyumbani, na udongo ulimwagwa kwenye sakafu ya nyumba yake.

Alimfukuza jogoo mezani. Akasema atakuja, lakini akauliza mkwe wake atakaa wapi. Hawezi kusimama aeleze habari za kitanda chake, mkwe akiwa hapo hapo anasikiliza.

"Atatoka nje," nikamwambia. "Wewe ukiingia, yeye anatoka."

Alicheka kwa faraja, nami nikacheka. Tukapanga kama wanawake wawili wanavyopanga siku ya mahari, nani aingie kwa mlango gani, nani aketi upande upi. Nilirudi Kosele nikiimba. Nikamwambia Walter sehemu yake, naye akashukuru hadi machozi yakamlengalenga. Wakili Angwenyi sikumwambia neno. Niliona mambo ya milango si ya kumsumbua nayo wakili.

Ndugu msomaji, hilo ndilo kosa langu, na lilikuwa kosa la mtu mwenye nia njema.

Siku ya kesi ilifika, ya Walter na ya lori pamoja. Hakimu alikuwa mama wa pwani, Kiswahili chake kimenyooka mpaka sote tukawa tunaogopa kufungua midomo. Maranga aliketi mbele. Kaka yangu Mokua naye alikuja, akakaa nyuma ili nikishindwa aweze kutikisa kichwa vizuri.

Mimi niliitwa kwanza. Nikaapa, nikasimama, na hofu ikaniisha. Nilisema lori lilikamatwa na mimi sikuulizwa, likazuiliwa na mimi sikusikilizwa, na sasa wanataka litwaliwe. Nikasema lori halina mdomo, kwa hiyo mimi ndiye mdomo wake, na sheria inayolinda majani ya ziwani haiwezi kushindwa kumlinda mjane. Mwendesha mashtaka, kijana nadhifu mwenye sauti ya upole, akaniuliza kama nilimtuma Walter. Nikasema sikumtuma. Akaketi, akitabasamu kidogo. Lile tabasamu sikulipenda.

Wakili Angwenyi akamwita Min Roselyn.

Mlango ukafunguliwa. Bibi akaingia na fimbo yake, kitambaa cheupe kichwani. Na Walter, kama tulivyopanga, akainuka kizimbani, akainamisha kichwa, akatoka kwa mlango wa pembeni polepole, kwa heshima zote.

Mahakama nzima ilishikwa na bumbuwazi. Askari wawili wakakurupuka kumfuata. Hakimu akavua miwani, akasema hajawahi kuona mshtakiwa aliye nje kwa dhamana akimtoroka mbele ya macho yake tena kwa mwendo wa harusi. Akaifuta dhamana hapo hapo. Wakili Angwenyi akanigeukia, akauliza kwa macho kama nina habari. Nikatazama dari.

Walter akarudishwa ameshikwa mshipi. Alipomwona maro wake, akajifunika uso kwa koti, akageukia ukuta. Min Roselyn naye akageukia ukuta wa upande wa pili. Mtu na shahidi wake, kila mmoja ameipa mahakama mgongo. Mokua akaanza kutikisa kichwa.

Nikainuka. Angwenyi akanivuta gauni, nikajivuta zaidi. Nikasema mimi ndiye niliyemwambia atoke, na kama kuna wa kufungwa kwa hilo ni mimi. Nikaeleza kwamba yule ni maro na huyu ni mkwe, na kwamba hata siku lori lilipokamatwa, dereva hakuwa amekwepa kosa. Alikuwa amekwepa kutazama nyumba ya mama mkwe wake.

"Bibi Nyasuguta," hakimu akasema, "hii ni mahakama, si arusi."

"Najua, mheshimiwa. Lakini hata hapa, yeye ni mkwe na huyo ni mama mkwe."

Akavaa miwani yake tena. Nilijua sasa napelekwa ndani. Badala yake akasema hata kwao mkwe ana heshima yake, ila sheria inataka mshtakiwa asikie ushahidi. Akaamuru dirisha lifunguliwe, Walter asimame nje chini yake na askari, asikie bila kuonekana. Watu wakapiga makofi, akawakemea. Mimi nilimtazama Maranga. Alikuwa anafuta jasho.

Basi Min Roselyn akasema. Hakutetemeka. Alisema aliolewa katika boma lile, akazaa pale, na wakati huo ukitaka kuteka maji ulitembea mpaka uchoke. Alisema ile ni nyumba yake na hana nyingine. Udongo ni wa sakafu, na aliyeuleta ni mtoto mzuri ambaye hapendi kumtaja jina. Angwenyi akaketi kama mtu aliyeshiba. Nami nikaanza kumpangia Ebenezeri safari ya kesho.

Mwendesha mashtaka akasimama taratibu. Akamwita mama, akamuuliza maji yako wapi sasa.

"Iko chini ya kitanda."

Akamuuliza mafunjo je.

"Imefika jikoni."

"Kwa hiyo, mama, nyumba yako iko ndani ya kinamasi?"

Min Roselyn alimgeukia mzima mzima.

"Kijana, mimi sikuenda kwa hiyo maji," akasema. "Maji ilikuja kwangu. Ilinipata nimekaa na kaburi ya mzee yangu iko hapo nje. Sasa wewe unataka ni nani aombe ruhusa, mimi ama maji?"

Hapakuwa na wa kucheka. Nilitaka kusimama nimpigie makofi peke yangu.

Lakini yule kijana hakukasirika. Aligeuka kwa hakimu na sauti yake ile ya upole. Akasema upande wa mashtaka umeridhika kwamba dereva hakuwa na nia mbaya. Hawana haja tena na lori, lirudi kwa mwenyewe leo, na dereva aachiliwe. Wanaomba amri moja tu. Kwa kuwa mama huyu amekiri kwa kinywa chake kwamba anaishi ndani ya kinamasi, na sheria hairuhusu makazi humo, basi ahamishwe, nyumba ibomolewe, na mahali pale parudi kuwa kinamasi.

Akaongeza, kana kwamba ananifanyia hisani, kwamba mwenye lori anaweza kusaidia kubeba vyombo vya mama.

 Angwenyi akaninong'oneza ninyamaze, tumeshinda. Mokua naye nyuma alikuwa ameacha kutikisa kichwa, sasa anakubali kwa kichwa hicho hicho. Na Min Roselyn, aliyekuwa ameelewa yote, akanitazama mimi.

"Chukua gari yako, nyar Kisii," akasema, akiniita binti wa Kisii kwa Kijaluo. "Uko na watoto."

Nikasimama. Nilisema lori nalitaka, mchana na usiku nalitaka, na mheshimiwa asidhani nimelichoka. Lakini sikumtoa bibi huyu nyumbani kwake nije nimuuze hapa. Nikasema sikubali. Kama wanataka kuendelea kubishana, tubishane mpaka mimi na Ebenezeri tuote kutu pamoja.

Hakimu akajibu kwamba kukubali au kukataa kwangu hakufuti ushahidi uliokwisha kusikika. Akainamia meza, akaanza kuandika.

Ndipo mlango wa kati ukafunguliwa.

Alikuwa Walter, askari wako nyuma yake, wamechelewa kumzuia. Hakuwa amejifunika koti. Alitembea mpaka mbele ya Min Roselyn, karibu kuliko mkwe yeyote anavyopaswa kusimama, akamtazama usoni. Sidhani kama aliwahi kumtazama hivyo tangu amwoe binti yake. 

"Mheshimiwa," akasema, "huyu mama anadanganya. Hajui kitu. Hakuna nyumba ya mtu pale, ni kibanda ya samaki imeachwa. Mimi nilikuwa namwaga udongo nijitengenezee shamba. Nakubali makosa."

Roselyn, aliyekuwa ameketi nyuma, akatoa sauti moja, kisha akaziba mdomo. Min Roselyn alivuta kile kitambaa cheupe, akafunika macho yake.

Nilielewa mara moja. Mkwe aliyeshindwa kunitajia kitanda cha maro wake alikuwa amemwita mwongo mbele za watu, ili pasiwe na nyumba, na pasipo na nyumba hapana cha kubomoa. Yeye ataenda jela. Ebenezeri atakwenda mnadani. Na mama yule atabaki na maji yake na kaburi lake.

Mwendesha mashtaka aliduwaa. Maranga akainuka nusu, akaketi tena. Hakimu akaweka kalamu chini. Alimtazama Walter, akamtazama Min Roselyn, kisha akanigeukia mimi, niliyekuwa bado nimesimama.

"Bibi Nyasuguta," akasema, "kiapo chako hakijaisha. Kati ya hawa wawili mmoja anasema uongo, nawe ulifika pale kwa miguu yako. Kuna nyumba, au hakuna?"